Ndugu Mzazi, Nyumbani Kwako Mna Vitabu Gani?



 

Ndugu zetu wazazi na walezi, safari hii tunaomba tuanze kwa kukiri kosa, kisha ndio tuseme lile tulilokusudia. Kosa lenyewe tulilifanya sisi, ndani ya madrasa, tena mbele ya watoto.

Ilikuwa jioni baada ya sala ya laasiri, hapa Oraba. Watoto walikuwa wakidurusu Juzuu Amma. Kijana mmoja wa miaka kama kumi na minne alikuwa ametulia mno, na mwalimu yeyote anajua kwamba mtoto akitulia mno kuna jambo. Tulipomkaribia tukakuta chini ya juzuu yake pamefichwa kitabu kingine, jalada limechakaa na kushikizwa kwa solotepu. Juu yake pameandikwa Kuli. Hatukukifungua. Tulikichukua, tukamsimamisha kijana mbele ya wenzake, tukamwuliza: katika vitabu hivi viwili, kipi kitakachokufaa kaburini? Wenzake wakacheka. Kitabu tukakifungia kwenye droo.

Kesho yake hakuja, wala kesho kutwa. Siku ya sita alikuja baba yake, baada ya isha. Ni mtu tunayemfahamu vizuri, mpakuzi wa mizigo hapa mpakani. Malori yanayotoka Mombasa na Kampala kwenda Kaya na Yei, yeye na wenzake ndio wanaoteremsha na kupakia. Tulidhani amekuja kumwombea mwanawe radhi. Alikaa, akanywa maji, akasema kwa upole: "Mwalimu, sikuja kubishana na wewe. Mtoto alikosea kuingiza kile kitabu katika darasa la Qurani, na nimemwambia. Lakini naomba unirudishie. Kila usiku ananisomea mimi na mama yake. Tumefika pale wachukuzi wa bandarini wanataka kugoma, na hatujui waligoma au hawakugoma."

Ndugu msomaji, tuliona haya. Kitabu tulichokihukumu hatukuwa tumekisoma hata ukurasa mmoja.

Akatueleza kwamba alikipata kwa dereva mmoja wa Mombasa aliyekaa siku tatu hapa akingoja karatasi zake za forodha. Dereva alikuwa amekimaliza, akampa. Yeye mwenyewe hakuingia shule. Vita vya 1979 viliwakimbiza wazee wake hadi Sudan, utoto wake ukapita kambini, na waliporudi nyumbani akaanza kubeba magunia. Kiswahili chake ni cha sokoni na cha malori. Alisema neno ambalo limetukaa moyoni hadi leo: kwamba hakujua kuna mtu aliyekaa chini akaandika kitabu kizima juu ya wabeba mizigo.

Tulimrudishia kitabu chake usiku ule ule, na siku ya pili kijana aliporudi tulimwomba radhi mbele ya wenzake wale wale waliocheka. Kisha tukaomba, wakishamaliza, nasi tuazimwe. Kuli ni riwaya ya Adam Shafi wa Zanzibar, ilichapishwa 1979. Inamfuata kijana Rashidi, mtoto wa mchukuzi wa bandarini, anayeingia katika kazi ile ile ya baba yake, mpaka tunafika kwenye mgomo mkubwa wa Unguja wa mwaka 1948. Mgomo huo ulitokea kweli. Hatusemi kila ukurasa wake ni wa kusomwa na kila mtoto. Tunasema tu kwamba tulikisoma kwa siku nne, na tukapita pale mpakani tukawatazama wale vijana wenye magunia mabegani kwa jicho jingine.

Basi hili ndilo tulilokusudia kusema. Nyumba ya Mwislamu inahitaji vitabu vya aina nyingi: vya dini kwanza, na pamoja navyo hadithi, historia, maisha ya watu, safari, afya na kilimo. Na katika sehemu zetu hizi, kizuizi kimoja kikubwa tumekuwa sisi wenyewe walimu wa madrasa. Tunajua umaskini upo na maduka ya vitabu ni machache. Lakini hata kile kitabu kimoja kinachovuka na lori, tunakifungia kwenye droo.

Tuangalie hoja ambazo hutolewa, maana tumezitoa sisi wenyewe kwa miaka mingi.

Ya kwanza ni ile aya ya 6 ya Surat Luqman, inayowalaumu wanaonunua maneno ya upuuzi. Wafasiri wengi wanataja sababu ya kushuka kwake: Nadhri bin Harith, mfanyabiashara wa Makka, aliyeleta visa vya wafalme wa Kiajemi akawa anawahadithia Makureshi ili wasimsikilize Mtume (S.A.W.). Wapo pia maswahaba walioifasiri kuwa inakusudia nyimbo. Sasa tusome aya yenyewe kwa utulivu. Lawama imefungamana na kusudio: mtu anayetafuta maneno hayo ili awapoteze watu na njia ya Mwenyezi Mungu na kuifanyia mzaha. Baba anayekaa na mkewe na mwanawe baada ya isha wakasomeana habari za wachukuzi, huyo anampoteza nani?

Turudi kwenye Sunna. Katika Bukhari na Muslim mna hadithi ndefu ya Ummu Zar'i. Bibi Aisha (R.A.) anamhadithia Mtume (S.A.W.) habari za wanawake kumi na mmoja waliokaa kikao na kupeana ahadi ya kutoficha chochote kuhusu waume zao. Mmoja anamlalamikia mumewe, mwingine anamsifu, mwingine anaogopa hata kufungua mdomo. Ni kisa cha nyumba na ndoa, kina utani na uchungu ndani yake. Mtume wa Mwenyezi Mungu, mwenye umma mzima mabegani, aliketi akasikiliza mpaka mwisho, na alipomaliza akamtuliza mkewe kwa kujifananisha na yule mume mwema wa kisa kile. Sisi tunaosomesha hadithi hiyo kama somo la kuishi vizuri na wake zetu, mara ngapi tumeiona pia kuwa ni somo la kusikiliza kisa?

Atasema mtu: hayo yalitokea, lakini riwaya imetungwa, na kutunga ni uongo. Hoja hii ina uzito na hatutaki kuipuuza. Lakini uongo ni kumwambia mtu jambo ili aamini kuwa ni kweli na hali si kweli. Anayefungua kitabu kilichoandikwa riwaya hadanganywi. Wanachuoni wetu walilijua hili zamani. Kalila wa Dimna, visa vya wanyama wanaozungumza, Ibnul Muqaffa alivileta katika Kiarabu katika karne ya 8, na Waislamu wakavisoma wakubwa kwa wadogo. Al-Hariri wa Basra, aliyefariki mwaka 1122, aliandika Maqamat yake kwa kumbuni mtu mjanja aitwaye Abu Zayd, anayezunguka miji akiwalaghai watu kwa ufasaha wake. Katika utangulizi wake alijitetea dhidi ya hoja hii hii ya uongo. Kitabu hicho kimesomeshwa kwa mamia ya miaka na masheikh ambao sisi hatufikii hata kwenye vumbi la viatu vyao. Kule Andalus Ibn Tufayl, aliyefariki 1185, alitunga kisa cha mtoto aliyelelewa na paa kisiwani peke yake, akakua akitazama nyota na mimea mpaka akili yake ikamfikisha kwa Muumba. Hiyo nayo ni hadithi ya kubuni, tena yenye mafunzo ya tauhidi kuliko hotuba nyingi za Ijumaa, zetu zikiwemo.

Hoja ya pili ni ya muda: kwamba saa ya riwaya imeibiwa kwenye Qurani. Hii inategemea. Kwa mtoto wetu yule, kweli iliibiwa, na baba yake alilikubali hilo kabla hatujasema. Lakini tuwe wakweli, saa za usiku majumbani mwetu haziendi kwenye Qurani. Zinaenda kwenye simu, kwenye mabanda ya video, na kwenye mpira wa Ulaya ambao hata baadhi ya maimamu wanaujua msimamo wake wa ligi. Na tumegundua jambo moja katika kusomesha. Mtoto aliyezoea kusoma kitu kirefu kwa hiari yake huja na subira darasani. Anauliza maswali. Anayesoma ubao tu na karatasi ya mtihani huhifadhi sura, na ukimwuliza maana yake anakutazama.

Hoja ya tatu, kwamba mwandishi si Mwislamu au kitabu hakihusu dini, tutaijibu kwa mfano wa kitabu kimoja. Kinaitwa Mahali Pasipo na Daktari, cha David Werner, na kwa Kiswahili kipo tangu zamani. Kinafundisha jinsi ya kuchanganya maji, chumvi na sukari kwa mtoto anayeharisha, jinsi ya kuosha jeraha, dalili gani kwa mama mjamzito si za kungojea asubuhi. Anayeishi mbali na hospitali, mvua imenyesha na boda boda haipiti, hatauliza mwandishi alisali wapi.

Sasa tuseme habari ya lugha, maana kwetu ni sehemu ya tatizo. Kiswahili kilikuja West Nile na askari na wafanyabiashara. Wazee wetu waliingia jeshini, King's African Rifles na baadaye jeshi la Uganda, na huko amri zilitolewa kwa Kiswahili. Mwaka 1973 Idi Amin, mtoto wa Koboko, alikitangaza kuwa lugha ya taifa, na baada yake watu wengi wa Uganda wakabaki wakikiona kuwa ni lugha ya bunduki na kizuizi cha barabarani. Mwaka 2005 katiba ilirekebishwa kikawa lugha rasmi ya pili, na mwaka 2022 baraza la mawaziri likaamua kifundishwe kwa lazima katika shule za msingi na sekondari. Uamuzi mzuri. Lakini watoto watasoma nini kwa hicho Kiswahili? Huku nyumbani tunasema Kikakwa, Kinubi, Kilugbara, na Kiarabu cha Juba sokoni. Kiswahili tunakijua kwa bei na kwa amri. Mtoto asiyewahi kukisikia kikieleza huruma, au mzaha wa bibi na mjukuu, atakiogopa kama tulivyokiogopa sisi.

Na hazina ipo, nyingi yake imeandikwa na Waislamu wenzetu. Wengi wetu huku tunamjua Sheikh Abdullah Saleh al-Farsy kwa tafsiri yake ya Qurani Takatifu iliyotoka kamili Nairobi mwaka 1969. Tukiondoka hapo ni kama tumefunga mlango. Tunaomba tuufungue kidogo.

Anza na Shaaban Robert wa Tanga (1909–1962). Kusadikika, kilichochapishwa 1951, ni habari ya nchi iliyo angani, ambako mtu aitwaye Karama anashtakiwa kwa kosa la kutaka watu wafundishwe sheria. Anajitetea mbele ya mfalme kwa hoja, siku baada ya siku. Kijana wa darasa la saba anaweza kukisoma, na mzee wa kamati ya msikiti akikisoma atakuna kichwa. Shaaban Robert huyo huyo aliandika maisha ya Siti binti Saad, yule mwimbaji wa Unguja. Tunajua wapo watakaouliza, mwimbaji tena? Nasi tuliuliza. Lakini ni habari ya binti wa kimaskini aliyedharauliwa akajijengea heshima mjini, na imeandikwa kwa adabu kubwa.

Kwa vijana wa kiume, ambao ndio wagumu kukaa na kitabu, tunapendekeza Muhammed Said Abdulla wa Zanzibar. Riwaya yake Mzimu wa Watu wa Kale ilichapishwa 1960. Mtu anakutwa ameuawa mahali wanapopaogopa kwa mizimu, na watu wako tayari kuamini kuwa ni kazi ya mizimu. Anakuja Bwana Msa na kiko chake, hababaishwi na mizimu, anauliza nani alikuwa wapi, saa ngapi. Sisi tunaohubiri kila Ijumaa dhidi ya waganga na hirizi, tumeshindwa kupata msaidizi mzuri kama huyu! Kijana anasoma ili amjue muuaji, na njiani anajifunza kutomsadiki kila anayesema amerogwa.

Kwa mabinti na mama zao upo Utendi wa Mwana Kupona, uliotungwa Pate kiasi cha 1858. Mama mgonjwa anamwachia binti yake wasia, juu ya dini, ndoa, usafi na maneno ya watu. Kiswahili chake ni cha kale, kinataka mtu wa kuelezea, na pengine mambo mengine mama wa leo atabishana nayo. Wabishane. Tumesikia kina mama wawili wakibishana juu ya beti zake mpaka maharagwe yakaungua, na hatukuona ubaya wowote isipokuwa wa maharagwe.

Na kwa wakubwa, yupo Abdulrazak Gurnah, mtoto wa Zanzibar aliyepata Tuzo ya Nobel ya fasihi mwaka 2021. Anaandika kwa Kiingereza, lakini Paradise, riwaya yake ya 1994, imetafsiriwa na Ida Hadjivayanis kwa jina la Peponi. Ndani yake baba anamtoa mwanawe kwa tajiri kwa sababu ya deni. Hapa mpakani, ambako tunawaona watoto wa watu wakipitishwa kwenda "kwa mjomba" kufanya kazi, hatuhitaji kueleza kwa nini kitabu hicho kinatuhusu.

Tumekaa sana kwenye hadithi kwa sababu ndizo zinazoogopwa. Historia haiogopwi, inasahauliwa tu, na kwetu sisi wa West Nile kusahau huko kuna hasara ya pekee. Ni wangapi kati yetu wanaoweza kumweleza mtoto kwamba kuanzia 1894 hadi 1910 sehemu hii ilihesabiwa kuwa chini ya mfalme Leopold wa Ubelgiji, kisha ikawa ya Sudan hadi 1914, kisha ndipo ikawa Uganda? Mzee angeweza kupita katika serikali tatu bila kutoka shambani kwake! Mtoto wa Oraba anayetazama ng'ambo ya Kaya na kuona ndugu wa damu wakiitwa wageni, angefaidika kulijua hilo.

Wanubi wenzetu ndio zaidi. Asili ya wengi wao inarudi kwa askari wa Emin Pasha, gavana wa Ikweta kuanzia 1878, aliyekuwa na kituo chake Wadelai ukingoni mwa Mto Nile. Huyo Emin alikuwa daktari, alizaliwa 1840 katika familia ya Kiyahudi huko Silesia, jina lake Eduard Schnitzer, akajipa jina la Kiislamu akiwa katika utumishi wa Waturuki. Aliondoka na Stanley mwaka 1889. Askari wake waliobaki wakachukuliwa na Lugard mwaka 1891, na kutokana nao Uislamu na Kinubi vikatia mizizi sehemu nyingi za Uganda. Barua na kumbukumbu za Emin zimechapishwa, za Lugard zimechapishwa, za Stanley ndio usiseme. Za wale askari ziko wapi? Hata kitabu kizuri tunachokijua juu ya Arua na historia yake, Inside West Nile cha mwaka 2005, kimeandikwa na Mwingereza, Mark Leopold. Tunamshukuru. Lakini habari za wazee wetu kuvuka kwenda Sudan na Zaire baada ya 1979, nani alikufa njiani, nani aliwapokea, walisali wapi, zinakwenda makaburini kila mwezi. Mtu asiyesoma maisha ya wengine hatawaza kwamba na yake yanaandikika. Yule mpakuzi alitushangaa aliposikia kuna kitabu juu ya wachukuzi. Na sisi tujishangae.

Tuseme pia kwamba historia haitatusifu kila ukurasa. Tippu Tip, Hamed bin Muhammed, ameacha maisha yake mwenyewe kwa Kiswahili, yakachapishwa mara ya kwanza 1902 na 1903 pamoja na tafsiri ya Kijerumani. Alikuwa Mwislamu, na utajiri wake ulitokana na pembe na watumwa wa Kongo ya mashariki. Wapo wanaotaka kitabu hicho kisionekane mikononi mwa vijana wetu. Sisi tunaona heri kijana akisome nyumbani akiwa na baba yake, amwulize Uislamu ulisema nini na watu walifanya nini, kuliko asomewe na mtu mwingine anayetaka aione dini yake kuwa ni biashara ya minyororo.

Msomaji atauliza, vitapatikana wapi? Katika maduka tunayoyafahamu Koboko, na hata Arua, ukiomba kitabu utaonyeshwa madaftari na maswali ya mitihani iliyopita. Njia ni zile zile zinazoleta kila kitu Oraba. Ndugu yako akitoka Kampala au Nairobi, badala ya kumwagiza viatu vya Idd jozi mbili, mwagize jozi moja na kitabu kimoja. Madereva wa Mombasa ni watu wema. Mpe mtu fedha na jina la kitabu kwenye karatasi, ataleta. Vitabu vikuukuu vinauzwa chini barabarani katika miji mikubwa kwa bei ya sahani moja ya wali.

Na kuhusu hofu ya yaliyomo ndani, tumejifunza dawa yake kwa yule mpakuzi bila yeye kujua. Kitabu kisomwe kwa sauti. Mtoto hawezi kumsomea baba yake jambo la aibu. Atasita mwenyewe, na kusita kwake ndiyo nafasi ya mazungumzo. Mzazi ambaye hakusoma naye anakuwa na kazi, anasikiliza, anauliza, anakumbusha jana waliishia wapi. Haijalishi taa ni ya sola au ya simu.

Tulipeleka pendekezo kwa kamati kwamba liwekwe sanduku la vitabu ndani ya msikiti, watu waazime. Halikupita. Mzee mmoja tunayemheshimu sana alisema vitabu vya dini sawa, lakini riwaya isilale chini ya paa moja na msahafu. Tulijaribu Ummu Zar'i, tukajaribu na al-Hariri, hakutikisika. Hatukubaliani naye, ila nyumba ya Mwenyezi Mungu si mahali pa kugombania sanduku. Tukakubali sanduku la msikitini libaki la tafsiri, sira na fiqhi, na la pili likae nyumbani kwa hajati mmoja jirani na madrasa, ambaye kwake watoto wa kike na wa kiume wanaingia bila neno. Mzee yule yule alichangia kufuli.

Hadi tunaandika haya, sanduku la hajati lina vitabu kumi na kimoja. Viwili vya Shaaban Robert, Bwana Msa mmoja asiye na jalada, Mahali Pasipo na Daktari, kimoja juu ya ufugaji wa kuku, kimoja cha safari za Ibn Battuta aliyefika Mombasa na Kilwa mwaka 1331 na kutusimulia misikiti ya mbao na ndizi za Mombasa, na vingine vya Kiingereza vilivyotolewa na mwalimu wa sekondari. Mwenye kitabu kilicholala chini ya kitanda, cha Kiswahili, Kiarabu au Kiingereza, akilete Jumamosi baada ya dhuhuri. Kila kitabu kinaandikwa kwenye daftari, jina la aliyeazima na siku ya kurudisha, na anayeandika ni yule kijana wetu. Ana hati nzuri.

Kuli haimo sandukuni. Baba yake alimwazima mpakuzi mwenzake, ambaye naye ana binti wa darasa la sita anayemsomea. Tulipomwuliza juzi pale mpakani wamefika wapi, alisema bado hawajafika kwenye mgomo, na akatuomba tusimwambie.